Yadi Kumi na Tano za Kwaya

Mimi si mtu wa kunyamaza, na sitajifanya hapa. Nilizaliwa Bukavu katika nyumba ya watoto kumi na mmoja, ambako usipopaza sauti hupati hata mchuzi, na tangu nifike Johannesburg miaka ishirini na miwili iliyopita sijaona sababu ya kubadilika. Cherehani yangu iko Jules Street, Malvern, kati ya saluni na duka la simu, na wateja wengi husikia ninavyoimba kabla hawajakiona kibao changu. Basi nikikwambia kwamba mwaka huu nilikaa majuma manane bila kuimba hata wimbo mmoja, ujue nilikuwa nimeumia.

Chanzo ni mpira. Si huu wa miguu ninaoujua mimi na wewe, ni ule wa Wamarekani, ambao vijana huvaa helmeti na mabega ya plastiki na kugombea kitu chenye umbo la papai dogo. Mwanangu Exaucé ana miaka ishirini, na ni wa pekee. Anasomea umeme katika chuo kidogo huko Doornfontein, chenye ghorofa mbili tu, juu ya duka la matairi. Chuo hakina uwanja, hakina maktaba ya kujivunia, lakini kina mwalimu wa hesabu anayeitwa Luka, na huyo ndiye aliyetuletea mambo haya.

Luka ni mtoto wa rafiki yangu Rosalia, Mtanzania wa Morogoro. Rosalia aliolewa na Msauzi aliyekuwa uhamishoni huko wakati wa mapambano, na wakimbizi wa siasa walipoanza kurudi kwao akamfuata mumewe mpaka Bertrams. Luka alikua hapa, akaenda kusoma Marekani, akarudi na shahada na mpira huo. Akakusanya vijana thelathini chuoni, akawaandikisha katika ligi ya timu nane, akaipa timu jina la Hadeda, wale ndege wenye midomo mirefu wanaoamsha Johannesburg nzima alfajiri kwa makelele. Likumbuke jina hilo, maana hao hao Hadeda ndio walioniona mimi nina kelele.

Kazi ya Exaucé katika timu ilikuwa kuinama. Kweli. Anasimama katikati ya mstari, anainama, anashika mpira chini, halafu anaurusha nyuma kati ya miguu yake kwa mwenzake anayesubiri, kisha majitu ya upande wa pili yanamwangukia. Aliponieleza nikasimamisha cherehani.

"Nilikuzaa, nikakulea miaka makumi mbili, juu uende kuinamia batu?" nikamwuliza.

Akacheka. Akasema, kwa Kiingereza, kwamba bila yeye mchezo hauanzi. Ndivyo tunavyoongea kwetu: mimi Kiswahili, yeye Kiingereza. Anaelewa kila neno langu, hata matusi, lakini jibu huja kwa Kiingereza, na akiwa na wenzake ni Kizulu mwanzo mwisho. Baba yake, Damien, humgombeza kwa hilo, ila Damien ni mlinzi huko Sandton na Jumamosi zote yuko getini, kwa hiyo habari za uwanjani ziliniangukia mimi.

Mechi ya kwanza ilikuwa Juni, katika uwanja wa shule moja pale Bertrams. Nyasi zilikuwa zimekauka kwa baridi, na juu ya mapaa unaona uwanja mkubwa wa Ellis Park umekaa unatutazama. Mimi sikwenda peke yangu. Nilikwenda na kwaya yetu ya akina mama, kumi na wawili, na mmoja wetu, Arlène, alibeba ngoma. Na Rosalia alikuja, ingawa yeye ni Mkatoliki na nyimbo zetu humpita kasi.

Lazima nieleze jambo hapa, la sivyo utatuona wendawazimu. Kwetu mtu aliye katika wakati mgumu haachwi kimya. Akiwa na mtihani, tunamwimbia. Akiwa anafanyiwa upasuaji, tunaimba nje. Nilipokuwa namzaa Exaucé nilishikwa na uchungu siku mbili, na kwa kuwa hospitalini hawakuruhusiwa kuingia wengi, mama zangu wa kanisa walisimama chini kwenye maegesho ya magari wakaimba, na mimi juu ghorofa ya tatu nikasukuma kwa ule mdundo. Ulikuwa wimbo wetu wa kumsindikiza mtu, wa kumwambia asimame, tuko nyuma yake. Kunyamaza wakati mwenzio anateseka, kwetu, ni kumwambia: mambo yako hayo, hangaika nayo mwenyewe.

Kwa hiyo kila Exaucé alipoinama, tuliimba. Tuliimba kwa nguvu zetu zote, ngoma ikalia, na mara tukaona refa ametoa kitambaa cha njano mfukoni na kukirusha hewani. Jamani, furaha tuliyokuwa nayo! Kwetu kanisani, wimbo ukikolea, mama anavua leso na kuirusha. "Hata refa imemugusa!" Arlène akapiga kelele, na sisi tukazirusha leso zetu kumi na mbili kwa vigelegele. Kila kitambaa chake kilipoanguka, zetu zilifuata. Tulifungwa thelathini na nne kwa sifuri, na tukarudi nyumbani tukisema wachezaji ni wabovu ila refa ni mtu wa Mungu.

Baada ya mechi Luka alikuja kutusalimia. Alitushika mikono mmoja mmoja, shikamoo mama, shikamoo mama, akashukuru kwa kuja, akakohoa, akasema hewa ya Johannesburg ni kavu, akashukuru tena, akaondoka. Leo najua alikuwa na neno kooni. Lakini Rosalia alimlea vizuri, na kijana aliyelelewa vizuri hawezi kuwaambia mama zake kumi na watatu wafunge midomo.

Mechi ya pili ilikuwa ya ugenini huko Pretoria, hatukwenda, wakapigwa. Ya tatu ikarudi Bertrams, katikati ya Julai, na hiyo ndiyo iliyotuharibia. Siku hiyo vijana walicheza! Dakika za mwisho walikuwa nyuma kwa pointi mbili tu, kumi na nne kwa kumi na mbili, na walikuwa wamebakiza hatua chache wafike mwisho wa uwanja, kwenye pointi. Tukasimama wote. Tukaimba mpaka mishipa ya shingo ikatutoka. Kitambaa cha njano kikaruka. Tukarusha leso. Kikaruka tena. Kikaruka mara ya tatu. Halafu kipenga, na Exaucé amekaa chini katikati ya uwanja, ameshika helmeti yake kwa mikono miwili.

Jioni nilimpakulia sombe, kisamvu cha kwetu, na ugali wa muhogo. Hakugusa. Akaniambia, taratibu, kwa Kiingereza chake, na alikuwa anatazama sahani. Akasema kile kitambaa ni adhabu. Akasema timu yao ikiwa na mpira, mrushaji, yule anayepokea mpira kutoka kwake, anaita kwa sauti, na wote kwenye mstari wanatakiwa waanze pamoja wakimsikia. Asiyesikia akitikisika mapema, refa anarusha kitambaa na timu inarudishwa nyuma yadi tano. Leo mara tatu, yadi kumi na tano. Hawakumsikia kwa sababu yetu. Kelele, akasema, hupigwa wakati wapinzani ndio wenye mpira.

"Sasa mutoto wangu akiwa mu matatizo ninyamaze," nikamwambia, "na mutoto wa batu akiwa mu matatizo ndio nimupigie makelele? Hiyo ni malezi gani?"

"Mama, please," akasema. Kisha akasema ukija, unyamaze. Au usije.

Nilijibu "sawa", nikatoa sahani yake mezani ikiwa imejaa.

Niseme ukweli: niliumia vibaya. Ningekuwa na akili ningelia siku moja nikamaliza. Lakini mimi nina hasira za kwetu, zile zinazojipika zenyewe polepole, nikaamua kwamba kama sauti yangu inamharibia mtoto, basi hataisikia tena. Sikwenda uwanjani. Na nyumbani nikaacha kuimba. Nikifua, kimya. Nikipika, kimya. Dukani cherehani ililia peke yake, na mwenye saluni akaja kuniuliza kama nimefiwa. Kwaya nayo niliiambia koo linaniuma. Nilitaka Exaucé aone. Ndiyo, nilitaka aone na yeye aumie kidogo, mtoto niliyemwomba kwa miaka saba. Haya ndiyo ninayoyaonea aibu.

Na aliona. Usiku akirudi mazoezini alikuwa anasimama mlangoni mwa jikoni kabla hajaweka begi. Anafungua friji, anaifunga. Anasubiri. Mimi nakata vitunguu. Halafu anakwenda chumbani.

Jezi zake, hata hivyo, nilizishona. Hasira zina mipaka. Mechi ya nne niliijua kwa bega la kushoto lililoachana mshono, ya tano kwa kola, ya sita kwa mkono wa kulia uliobaki ukining'inia kwa uzi mmoja. Zote walipigwa. Lakini kulikuwa na sehemu moja iliyonishangaza: upande wa kulia, juu kidogo ya kiuno, kitambaa kilikuwa kinalika siku hadi siku, kama kuna mtu anayemvuta hapo hapo kila siku. Nikatia kiraka, nacho kikalika. Nikamwambia Rosalia kuna mchezaji anamwonea mwanangu, amwulize Luka. Rosalia akacheka, akasema, "We Mama Exaucé, kama unataka kujua ya uwanjani, si uende uwanjani?"

Juma la mwisho la msimu, siku ya Alhamisi, Exaucé alipita dukani. Hapiti dukani kamwe, njia yake ni nyingine. Akasimama kati ya sare za shule zilizotundikwa, mrefu, mikono mfukoni.

"Mama, Saturday ni ya mwisho," akasema. "Mkuje. Mamas wote."

Maneno hayo mawili matatu ya Kiswahili yalinitoa machozi nikajifanya natafuta sindano. Nikamwambia tutakuja. Akasema "sharp", yaani sawa, akaondoka haraka kama mtu aliyemaliza kazi kubwa. Na mimi nikapanga zawadi yangu. Mtoto kanyenyekea, basi na mimi nitanyenyekea. Tutakwenda, wote kumi na wawili, na hatutafungua mdomo.

Ijumaa, badala ya kuimba, kwaya ilifanya mazoezi ya kunyamaza. Usicheke. Tulikaa kwenye viti robo saa nzima, na Arlène alishindwa mara nne. Mwisho nikamwambia aiache ngoma nyumbani, na kila mama abebe leso ya kujiziba mdomo.

Jumamosi ikafika. Tulikaa safu mbili, migongo wima, leso midomoni. Vijana walipoingia wakapunga mikono kuelekea kwetu, sisi tukainamisha vichwa kwa heshima. Exaucé alisimama akatutazama kwa muda, halafu akavaa helmeti.

Nilivyoteseka siku ile! Wapinzani walikuwa wanene na wepesi. Exaucé anainama, mimi nauma leso. Anaangushwa, nauma leso. Uwanja ulikuwa kimya mpaka unasikia magari ya barabarani, na cha ajabu mrushaji wa Hadeda hata hakuwa anaita kwa sauti. Alisimama kimya, anainua mguu, mambo yanaanza. Nikawaza, labda koo linamuuma na yeye. Na Exaucé hakutulia. Kila baada ya mchezo aligeuza kichwa kututazama. Mara moja aligeuka, akarudi akainama, akarusha mpira juu kabisa ya kichwa cha mwenzake, na wapinzani wakauokota wakakimbia nao. Mapumziko yakatukuta tuko nyuma kumi na tatu kwa sifuri.

Hapo ndipo Luka alipopanda ngazi mbili mbili mpaka kwetu, jasho linamtoka, ubao wa kuchorea mkononi. Shikamoo aliitoa, lakini haraka.

"Eish, Mama Exaucé, nisamehe, nitaongea vibaya," akasema. "Utamwadhibu mpaka lini?"

"Nani anamwadhibu?" nikasema. "Yeye ndiye alisema tunyamaze. Si unaona tulivyotulia? Hata ngoma hatukuleta."

Luka akanitazama, akamtazama mama yake, akakaa chini kwenye ngazi.

"Hakukwambia," akasema.

"Kuniambia nini?"

Akanieleza. Baada ya ile mechi ya tatu, Exaucé alikwenda kwake Jumatatu akamwomba wabadilishe mtindo. Kuna namna ya kucheza bila kusikia, timu huitumia zikienda kwenye viwanja vya ugenini vyenye makelele makubwa. Mrushaji hasemi neno, anainua mguu. Mchezaji wa kulia kwa Exaucé ndiye anayetazama nyuma, na akiuona mguu anamvuta Exaucé jezi kiunoni. Exaucé anahesabu moyoni, moja, mbili, anarusha, na wote wanaanza wakiuona mpira umeondoka. Ni kazi ngumu kuijua. Hakuna timu duniani, Luka alisema, inayojifunza hivyo kwa ajili ya uwanja wake wa nyumbani, ambako mashabiki wao wenyewe hunyamaza.

"Majuma manane, mama," akasema. "Kila jioni. Wenzake walimcheka, halafu wakakubali. Wanataka mwimbe. Nilimwuliza juzi, umewaambia mama waje waimbe? Akaniambia, kocha, kumwambia mama yangu aje ni kumwambia aimbe. Sasa anawaona mmekaa kama mko msibani, anadhani bado umemkasirikia. Amekaa kule chini hataki hata maji."

Nililia. Sikujificha, nililia mbele ya kwaya nzima na leso ikiwa tayari mkononi. Majuma manane mimi nilikuwa nanyamaza ili aumie, na yeye alikuwa anavutwa jezi kila jioni ili mimi nipate kuimba. Nilikaa na kiraka changu kwenye cherehani nikimlaumu mtoto wa watu.

"Mama Exaucé," Rosalia akasema, "futa kamasi. Kipindi cha pili kinaanza."

Ngoma haikuwepo. Arlène alishuka, akachukua ndoo ya maji ya timu, akayamwaga maji yote kwenye nyasi bila kuomba ruhusa, akarudi nayo. Vijana wakajipanga. Exaucé akainama. Mimi nikafungua mdomo nianzishe, na mara ya kwanza kikatoka kikohozi tu. Mara ya pili sauti ikaja, ikiwa mbovu, ikiwa na machozi ndani, nikaanza ule wimbo wa maegesho ya hospitali. Kwaya ikapokea. Ndoo ikapokea.

Exaucé hakugeuka. Nilimwona tu mgongo wake ukishuka, mabega yakatulia, na nikauona mkono wa mwenzake ukimvuta pale pale palipokuwa panalika. Mpira ukaruka ulivyotakiwa.

Sitakueleza kila kitu, sehemu kubwa sikuielewa. Naelewa kwamba tuliimba kipindi kizima, tukiwa na mpira na wakiwa nao wao, na kwamba kitambaa cha njano kiliruka mara nne na zote nne zilikuwa za wapinzani, maana wao hawakuwa wamejifunza kucheza bila masikio. Mara nne tukarusha leso, na safari hii kwa haki. Vijana walifika mwisho mara mbili, sita na sita, lakini mara zote mbili ule mpira wa teke wa kuongeza pointi moja ulipita pembeni. Kumi na tatu kwa kumi na mbili. Hadeda walimaliza msimu wakiwa wamefungwa mechi zote saba, na wakaja kutuchezea dansi mbele ya jukwaa kama mabingwa.

Watu walipoanza kutawanyika Exaucé alipanda ngazi. Uso ulikuwa na vumbi, na machozi yalikuwa yamechora njia katikati. Mkubwa hivyo, akapiga magoti kwenye ngazi ya chini yangu, tukawa sawa.

"Mama," akasema, na alikuwa anayatafuta maneno moja moja, yote ya Kiswahili. "Usininyamazie tena."

Nilitaka kumwambia sitafanya hivyo tena maisha yangu yote. Nilitaka kumwomba radhi. Nikafungua mdomo, na hakuna kilichotoka. Sauti ilikuwa imekwisha, nilikuwa nimeimaliza yote pale uwanjani, mpaka tone la mwisho. Nikatikisa kichwa, nikagusa koo langu, na nikaona uso wake ukianza kuingiwa na hofu, akidhani ndiyo tumerudi kule kule.

Kisha akaelewa. Akanisogelea, akaweka kile kichwa chake kichafu begani kwangu, na akaanza kuimba yeye. Hakujua maneno ila ya mstari wa kwanza, na sauti hakuirithi kwangu. Aliimba hivyo hivyo, mstari mmoja huo huo, mpaka Arlène akaichukua tena ndoo.